Maswali ya Wasomaji: Likeri ya Koni za Msonobari

Toleo lililopita tuligusia, kwa aya mbili tu, kinywaji cha watu wa milima ya Alps huko Austria na kaskazini mwa Italia: pombe kali iliyolowekwa koni changa za msonobari, kisha ikatiwa sukari ikawa likeri. Aya hizo zimezaa maswali mengi, na mengi yametoka kwa wasomaji wa Dodoma, Singida na Kondoa. Tumechagua yale yanayogusa kazi yenyewe. Neno moja litajirudia karibu kila jibu: utomvu. Harufu tamu ya msonobari imo ndani ya utomvu, na uchungu, ukungu na gundi ya kinywaji hiki vimo humohumo. Kazi yote ni kuchukua harufu na kuuacha mzigo uliobaki.

Nyuma ya ofisi yetu kuna miti mirefu yenye majani kama sindano na vikoni vidogo vya duara. Naweza kuvichuma? – Msomaji, Area C, Dodoma

Usivichume, ndugu. Kwa maelezo yako huo ni mvinje, si msonobari. Ukitaka uhakika, chukua "sindano" moja uivute taratibu. Ya mvinje ni kijiti cha kijani chenye pingili, nayo huachia kwenye kiungo, pingili moja baada ya nyingine. Jani la msonobari halina pingili hata moja, na haliko peke yake: majani hutoka kwa mafungu ya mawili hadi matano, na kila fungu limeshikwa chini na kijiala chembamba cha kahawia. Msonobari ulioenea zaidi katika mashamba ya miti ya nyanda zetu za juu kusini, Pinus patula, kwa kawaida una majani matatu katika kila fungu. Ni marefu, membamba, na yananing'inia kama nywele zilizolowa.

Miti mingine miwili huwachanganya watu wa mjini. Kuna ule unaopandwa kwenye bustani na kuitwa mti wa Krismasi, matawi yake yakiwa yamepangika ghorofa kwa ghorofa. Na kuna msaiprasi wa uzio, ambao majani yake ni magamba madogo yaliyolaliana na koni zake ni vigololi. Yote miwili iacheni. Msaiprasi tunausisitiza, kwa sababu majani yake yanajulikana kuharibu mimba za ng'ombe. Mti usioutambua kwa uhakika usiingie kwenye chupa, hata ukinukia vizuri kiasi gani.

Misonobari yenyewe inapatikana wapi, na koni huchumwa lini? – Msomaji, Manyoni

Ardhi ya Dodoma na Singida ni kavu mno kwa misonobari kustawi kwa wingi. Aliye kanda ya kati atazipata kwa urahisi zaidi upande wa Mufindi, kwenye Shamba la Miti Sao Hill na mashamba ya watu binafsi yanayolizunguka. Sao Hill iko chini ya Wakala wa Huduma za Misitu, TFS, hivyo usiingie na kikapu bila ruhusa. Njia nyepesi ni kuongea na mwenye shamba binafsi, hasa siku anazopunguzia matawi au kuvuna mbao. Matawi yakishaangushwa chini, koni changa huachwa zioze, na mara nyingi mwenyewe atakuruhusu ujichumie bure.

Usihesabu miezi, tumia kisu. Koni ya msonobari huu huchukua karibu miaka miwili tangu ichipue mpaka mbegu zikomae, kwa hiyo kwenye tawi moja utakuta za rika tofauti. Unayoitaka ni ya kijani kibichi, imefumba kabisa, na kisu cha jikoni kinaipasua katikati bila kuhitaji nyundo. Ukikata, ndani pawe na unyevu, pawe laini, na utomvu uanze kuchuruzika baada ya muda mfupi. Kisu kikigoma, imeshakuwa ubao: itakupa ladha ya mbao na ukakasi, basi. Zile za kahawia zilizodondoka chini hazifai kabisa. Harufu imeshakwenda, na mara nyingi zina ukungu ndani ya magamba.

Epuka miti iliyo kando ya barabara kuu kwa sababu ya vumbi na moshi wa malori. Muulize pia mwenye shamba kama amepiga dawa ya wadudu karibuni. Safarini zibebe kwenye mfuko wa karatasi au kikapu, maana kwenye mfuko wa plastiki hutoka jasho na kuanza kuvunda. Zikifika, zioshe kwa maji baridi bila sabuni, zianikwe kivulini zikauke juu, na ziingie kwenye pombe ndani ya siku mbili.

Naomba vipimo kamili, hatua kwa hatua. – Msomaji, Kisasa, Dodoma

Kwa lita moja ya pombe yenye kileo cha asilimia 40, chukua gramu 150 za koni changa. Tumia mizani, usikisie kwa idadi, kwa kuwa koni hutofautiana sana ukubwa. Utahitaji pia robo kilo ya sukari nyeupe, maji mililita 150, na chupa ya kioo ya mdomo mpana ya lita moja na nusu yenye kifuniko kinachobana. Isiwe plastiki. Mafuta yaliyomo kwenye utomvu hulainisha baadhi ya plastiki, na pombe itakurudishia ladha ya ndoo.

Kata kila koni vipande vya unene wa nusu sentimita. Usizisage wala kuziponda. Ukisaga, utomvu wote unamwagika kwenye pombe mara moja na huna tena namna ya kuuzuia. Weka vipande kwenye chupa, mimina pombe mpaka vifunikwe vyote, kwa sababu kipande kinachoelea juu kikiwa kikavu hubadilika rangi na kuharibu ladha. Acha nafasi ya vidole viwili chini ya kifuniko ili pombe isiguse mpira wake. Andika tarehe kwenye kipande cha plasta, ubandike.

Weka chupa ndani ya nyumba, mahali pasipopigwa na jua, uitikise taratibu mara moja kwa siku. Kwenye baridi ya Alps hukaa wiki nne hadi sita. Kwenye joto la Dodoma kazi huenda kwa kasi zaidi, kwa hiyo anza kuonja siku ya saba, kisha kila baada ya siku mbili. Onja kijiko cha chai kilichochanganywa na kijiko cha maji, kwa sababu pombe kali tupu huufisha ulimi na hutaujua uchungu. Rangi itaanza kijani-manjano, halafu itaelekea kahawia ya chai ya rangi. Unatafuta harufu ya msitu iliyojaa mdomoni, na uchungu kidogo unaokuja mwishoni na kuondoka. Uchungu ukianza kubaki ulimini baada ya kumeza, chuja siku hiyohiyo. Kwa wengi hapa itakuwa kati ya siku ya 14 na ya 25.

Kuchuja ndiko kunakotenganisha likeri safi na maji ya gundi, na ndiko watu wengi wanakoharakisha. Kwanza pitisha kwenye chujio la chai kuondoa vipande; usivikamue, maana ukikamua unasukuma utomvu na uchungu uliokuwa umebaki ndani. Kisha weka pombe hiyo kwenye friza usiku mzima. Haitaganda, lakini utomvu utashikamana na kujitenga kama utando au vipunje. Itoe, na ikiwa bado baridi ichuje kwenye karatasi ya kuchujia kahawa, au pamba safi iliyoshindiliwa kwenye shingo ya faneli. Ikipata joto kabla hujamaliza, utomvu unayeyuka tena na kupita. Itakuwa inadondoka tone kwa tone; iache, badilisha pamba ikiziba.

Sasa pika shira: robo kilo ya sukari kwenye mililita 150 za maji, koroga mpaka iyeyuke, ichemke dakika mbili, epua. Isubiri ipoe kabisa. Shira ya moto huirusha harufu hewani, na mvuke wa pombe karibu na jiko la mkaa au gesi hushika moto kwa kufumba na kufumbua. Kwa sababu hiyohiyo, pombe yenyewe isiwekwe jikoni kamwe, hata kwa moto mdogo. Mimina shira kidogo kidogo ukikoroga. Utabaki na lita moja na robo kasoro kidogo, yenye kileo cha asilimia 27 hivi, kwani koni nazo huwa zimetoa maji yake. Ijaze kwenye chupa safi za rangi nyeusi au kahawia, izibe, na uiache kabatini miezi miwili. Likeri ya wiki ya kwanza ina makali yanayogombana na utamu, na ukiionja mapema utadhani imeharibika.

Anayependa asali ya Manyoni au Itigi aweke gramu 300 za asali mahali pa sukari na apunguze maji yawe mililita 100, kwa kuwa asali ina maji yake. Asiipashe asali moto. Aikoroge kwenye maji vuguvugu. Asali huleta ukungu kidogo, kwa hiyo kipe kinywaji wiki tatu kitulie, kisha mimina taratibu na uache mashapo chini.

Nitumie Konyagi au lazima vodka ya bei kubwa? Na jirani anasema gongo ya kienyeji ndiyo inayovuta ladha vizuri. – Msomaji, Chamwino

Konyagi inafaa. Ina kileo cha asilimia 35, hivyo inavuta utomvu polepole kuliko vodka ya asilimia 40. Iongezee siku tano hadi saba, na likeri yako itatoka na asilimia 24 hivi. Ina harufu yake, lakini harufu hiyo inaelewana na msonobari. Vodka haina harufu, ndiyo sifa yake, na ya bei ya kati inatosha. Usishuke chini ya asilimia 35 wakati wa kuloweka, maana pombe hafifu huvuta uchungu wa koni ikaacha harufu.

Gongo hapana, na hapa hatuna nafasi ya kubembelezana. Kuitengeneza ni kosa kisheria, lakini hatari kubwa zaidi ni kwamba hujui kilichomo. Zipo zinazochanganywa na methanoli ili ziwe kali, na methanoli hupofusha macho na kuua kwa kiasi kidogo. Huwezi kuigundua kwa kunusa, na harufu nzito ya msonobari itaficha hata dalili ndogo ambazo ungezihisi. Spiriti ya kusafishia vidonda nayo haijatengenezwa kwa ajili ya tumbo la mtu. Nunua chupa yenye stempu ya kodi, kutoka duka unalolifahamu.

Nilipotia shira tu, kinywaji kikageuka cheupe kama maji ya tui. Nimwage? – Msomaji, Ipagala

Usimwage, dada. Kinywaji hakijaharibika. Mafuta na utomvu wa msonobari huyeyuka kwenye pombe lakini hayapatani na maji. Kabla ya shira, pombe ilikuwa na nguvu ya kuyabeba. Ulipoongeza maji nguvu ikashuka, nayo yakajitenga kwa matone madogo sana yanayotawanya mwanga. Ndiyo huo weupe.

Weka chupa kwenye friji ya kawaida siku tatu, bila kuitikisa, kisha chuja ikiwa baridi. Mara nyingi itang'aa. Isipong'aa, ongeza mililita 50 hadi 100 za vodka tupu kwa kila lita uone kama inarudi. Kileo kikipanda kidogo, matone huyeyuka tena. Safari ijayo usiruke usiku wa friza kabla ya shira, na usizidishe maji. Weupe uliobaki kidogo hauna madhara. Lakini ukiona utando wa mafuta unaoelea juu, huo uondoe kwa karatasi ya jikoni, maana una uchungu wa tapentaini na unakera koo na tumbo.

Yangu ilikaa miezi mitatu na koni zake. Ni chungu, na ulimi unakauka. Nikiongeza sukari itapona? – Msomaji, Singida mjini

Haitapona kwa sukari. Utapata kitu kitamu sana na kichungu sana kwa pamoja. Ukakasi unaokausha ulimi unatoka kwenye magamba ya koni, na uchungu unatoka kwenye asidi za utomvu. Vyote huendelea kutoka polepole muda wote koni zinapokuwa ndani, hata baada ya harufu kufika kilele chake. Dawa ni kuipunguza. Chukua sehemu moja ya hiyo yako, changanya na sehemu mbili au tatu za vodka tupu, pitisha usiku wa friza na kuchuja, ndipo utie shira kwa vipimo vya hapo juu. Onja kwenye kikombe kwanza kabla hujachanganya chupa nzima. Kama ilikaa muda mrefu hivyo na koni zilikuwa ngumu za ubao, hapo kweli achana nayo.

Nimesikia Waaustria huweka chupa juani. Mbona ninyi mnasema kivulini? – Msomaji, Hombolo

Kwa sababu jua lao la dirishani na jua la Hombolo ni mambo mawili. Kule wanatafuta joto kidogo kwenye nchi ya baridi. Hapa joto tunalo chumbani. Chupa ya kioo iliyofungwa ikiachwa juani mchana huku hupata moto, hewa ya ndani hutanuka, kifuniko huvuja au hufyatuka, na harufu nyepesi zile unazozitaka ndizo za kwanza kutoka. Kinachobaki kinanukia kama rangi ya mafuta.

Asalaam aleikum. Hapa kwetu hatutumii kileo. Kuna njia ya kupata ladha hii bila pombe? – Mama msomaji, Kondoa

Waaleikum salaam, mama. Ipo, na ni nzuri: shira ya msonobari. Kuna namna ya Kiitaliano ya kufukia koni kwenye sukari ndani ya chupa mwezi mzima, lakini hiyo haikufai, kwa sababu maji yanayotoka kwenye koni yanaweza kuchachuka kabla sukari haijakolea, na kuchachuka ni kileo. Tumia ya kuchemsha.

Kata gramu 300 za koni changa, zitie kwenye lita moja ya maji, funika, zichemke kwa moto mdogo nusu saa. Epua uache usiku kucha zikiwa zimefunikwa. Asubuhi utakuta utomvu umeganda juu na ukingoni mwa sufuria. Uondoe wote kwa kijiko, kisha chuja maji kwa kitambaa kilicholowa. Pima maji yaliyobaki, na kwa kila mililita 100 tia gramu 100 za sukari. Ongeza juisi ya nusu limao, ambayo huzuia sukari isirudi kuwa chenga. Chemsha mpaka shira inapomiminwa kutoka kwenye kijiko inashuka kama uzi mzito. Jaza ikiwa moto kwenye chupa iliyochemshwa, funga. Kwenye friji inakaa miezi miwili. Kijiko kimoja kwenye chai ya rangi kinatosha, na inapendeza zaidi kwenye maji baridi yenye ndimu. Tumia sufuria ya zamani, ya chuma cha pua kama ipo, kwa kuwa utomvu utaacha alama.

Mufindi ni mbali. Tulioko Dodoma tuloweke nini? Je, mvinyo wetu hauwezi kutumika mahali pa pombe kali? – Msomaji, Mpunguzi

Mvinyo wenye asilimia 12 au 13 hauna nguvu ya kuvuta harufu ya msonobari, na ukishaufungua na kuuacha wiki mbili unaelekea kwenye siki. Wagiriki wana mvinyo wenye utomvu wa msonobari, retsina, lakini wao hutia utomvu kwenye juisi ya zabibu inapochachuka, na ni kazi ya kiwanda chenye vipimo. Mvinyo wako unywe kama ulivyo.

Kwa kuloweka, ukwaju ni chaguo bora la kwetu. Gramu 200 za ukwaju uliomenywa maganda na nyuzi, mbegu zibaki humo, kwenye lita moja ya pombe ya asilimia 40, siku saba hadi kumi. Shira iwe na gramu 300 za sukari kwa sababu ya uchachu. Ubuyu mweupe usiotiwa rangi wala sukari nao unafaa, gramu 150 pamoja na mbegu zake, siku tano hadi saba. Tatizo lake si utomvu ila pektini, kile kitu cha kwenye matunda kinachogandisha jamu, ambayo pombe huigeuza kuwa ute. Usiupike, usiutikise kwa nguvu, na ukimaliza uache utulie siku mbili kabla ya kumimina sehemu ya juu. Ukilazimisha kuuchuja ukiwa umetibuka, pamba itaziba baada ya vijiko vitatu.

Inatibu kifua? – Msomaji, Bahi

Hii ni pombe, si dawa. Asipewe mtoto mwenye kikohozi, wala mama mjamzito au anayenyonyesha. Anayetumia Flajili au dawa za kifua kikuu asiiguse mpaka daktari wake amruhusu, na mwenye mzio wa tapentaini au utomvu wa mbao aiache pia. Kwa mtu mzima mwenye afya, kipimo ni kiglasi cha mililita 25 hadi 30 baada ya chakula. Kwa utamu wake ni rahisi kusahau kwamba nusu chupa ya soda ya kinywaji hiki ni sawa na bia mbili za kawaida.

Naweza kuuza? – Msomaji, Nzuguni

Si kutoka jikoni kwako. Biashara ya kileo inahitaji leseni ya vileo, ithibati ya TBS, na stempu za kodi za TRA. Anzia ofisi ya biashara ya halmashauri yako kabla hujanunua hata chupa.

Kisu, faneli na vidole vimeganda utomvu, sabuni haitoi. – Msomaji, Makole

Sabuni na maji peke yake havitautoa. Paka mafuta ya alizeti, sugua kwa kitambaa kikavu mpaka utomvu ulegee, futa, ndipo uoshe kwa sabuni na maji ya moto. Faneli na chupa zisuuze kwa vijiko viwili vya Konyagi kabla ya sabuni, umwage. Usitumie petroli wala mafuta ya taa kwenye chombo kitakachorudi kushika kinywaji. Na nguo iliyoingia utomvu iweke kwenye friza kwanza, ukwangue ukiwa mgumu, kabla hujaipaka chochote.